Mafuta Yaliyoitwa Eugénie

Kivuli huazimwa, hakiuzwi. Aliyekiazima hukirudisha kabla jua halijashuka nyuma ya milima ya Masisi. Kikilala kwake, huketi kichwa wazi katika uwanja wa kanisa kuanzia saa sita mchana hadi saa tisa, wala hapana ruhusa ya kumwazima kingine saa hizo. Tena kivuli hakiendi kwa mtu kisipotumwa, isipokuwa kwa yule ambaye mwenye kivuli amemnyima kinga yake. Hayo kila mtu wa Majengo, mtaa wa Goma, anayajua, na hakuna anayekumbuka siku alipofundishwa.

Jumatatu ya pili ya kiangazi, saa moja asubuhi, Rosette alifika mahali jirani yake Eugénie alipopondea mawe, mkononi ana bakuli la maharage. Akaliweka bakuli juu ya jiwe, akakanyaga ncha ya kivuli chake kwa kisigino ili kisimfuate, akatoka ndani yake kama mtu atokavyo katika viatu.

"Leo ni yangu," akasema. "Olivier zamu yake haijafika. Kesho atakuletea yake."

"Aksanti, mama Rosette. Shingo haitakuuma?"

"Shingo kazi yake ni kuuma. Ila kuku zangu, nikirudi bila kivuli, zinanikimbia sawa mwizi."

Eugénie alicheka, akakivuta kivuli juu ya mabega, akashika nyundo.

Alikuwa mwanamke wa miaka arobaini na miwili, mwenye ualbino, mzaliwa wa vilima vya Masisi. Baba yake, mchungaji wa ng'ombe, alikuwa akimpeleka malishoni siku za ukungu tu. Vita vilimtoa huko, akaishi miaka miwili katika hema kwenye kambi ya wakimbizi ya Kanyaruchinya, kisha akapanga chumba Majengo na kuanza kuponda mawe ya volkano kuwa kokoto za wajenzi. Alivaa kofia pana na kujifunga kitenge hadi kidevuni. Lakini jiwe jeusi hulirudisha jua kutoka chini, na mwavuli haushikwi na mtu ambaye mkono mmoja una nyundo na wa pili una jiwe. Kivuli cha mtu kilikuwa bora, kwa kuwa kiliinama alipoinama.

Zamani hakuwa na haja ya kuazima. Wafadhili wa mbali walikuwa wakiwaletea watu wa hali yake mafuta ya kukinga jua, tyubu nne kwa kila mmoja kila mwezi, nayo yaliwekwa katika depo, ghala la chama chao, nyuma ya kanisa. Ufunguo wa depo aliuvaa Télesphore, mtu wa mashati safi, aliyeuning'iniza shingoni pamoja na msalaba wake. Tangu Pasaka, kila Eugénie alipokwenda kuchukua haki yake, Télesphore alimpokea kwa heshima, akampa kiti, akamwambia neno lile lile.

"Haijafika, mama. Ni barabara."

Yalikuwa yamefika. Yalitoka kwa mlango wa nyuma na kwenda kwenye meza ya Julienne, muuza vipodozi wa njia panda, aliyekuwa ameona jambo ambalo wenye elimu hawakuliona. Wanawake wa Majengo walikuwa wamemtazama Eugénie miaka mingi akijipaka mafuta yale asubuhi na kuendelea kuwa mweupe. Wakahitimisha kwamba mafuta ndiyo yaliyomfanya mweupe. Julienne hakuwasahihisha. Wateja wake walikuwa wamekwisha kujichubua kwa losheni kali hata ngozi zao zikawa na rangi mbili, nyekundu mashavuni na nyeusi kwenye vifundo vya vidole. Sasa walitaka kitu cha kumalizia kazi. Hawakujua jina lililoandikwa kwenye tyubu, wakaiita kwa jina la yule waliyemwona nayo.

"Uko na Eugénie?" waliuliza.

"Eugénie iko. Lakini usipake mingi, utapita Wazungu."

Eugénie mwenyewe alilisikia jina lake sokoni, akadhani wanamsengenya.

Mwezi wa tano kidonda kilitokea juu ya sikio lake la kushoto, kidogo kama punje ya mtama, nacho hakikupona. Honoré, muuguzi wa zahanati, alikichunguza kwa tochi, kisha akaizima.

"Mama, nisikilize vizuri. Jua lisiguse tena hapa. Likigusa tena, hii haitakuwa kidonda ya kufunga na bandeji. Itabidi kukata, na mutu wa kukata hayuko hapa."

"Na mafuta?"

"Mafuta uulize depo."

Ndipo alipoanza kuazima, na majirani wakampa kwa zamu. Rosette alitoa cha Jumatatu na Alhamisi. Olivier, msukuma chukudu, ile baiskeli ya mbao ya mizigo, alitoa cha siku nyingine zote isipokuwa Ijumaa, siku ya mizigo mizito, kwa maana kwenye mteremko kivuli kilimsaidia kushika breki. Jioni Eugénie alimrudishia kila mtu chake, kimekung'utwa vumbi la kokoto. Hakuchelewa hata mara moja.

Ijumaa ya wiki ile ya bakuli la maharage alitoka kwenda kazini bila kivuli cha mtu. Alipofika alikuta kimoja kimekwisha kumtangulia. Kilikuwa kimekaa juu ya rundo la mawe, chenye kola iliyonyooka na ufunguo shingoni. Alipoketi, kilimfunika kichwa, na kwa namna ya pekee kililifunika lile sikio la kushoto. Wapondaji wengine walitazama, wakatambua ni cha nani, wakaendelea kuponda. Hakuna aliyehitaji kuelezwa kivuli hicho kilikuwa kimefuata nini.

"Basi ni yeye," alisema Rosette alipopata habari.

"Ni yeye," alijibu Eugénie.

Saa kumi na moja jioni alikipeleka hadi mlango wa depo, lakini kilikataa kuingia. Alikisukuma kwa fimbo, akakibembeleza kwa Kiswahili na kwa Kinyarwanda, kilimrudia. Usiku kililala kizingitini pake. Siku ya pili ikawa hivyo, na ya tatu. Télesphore naye alitembea siku tatu mchana kweupe bila kivuli miguuni, na watu walimsalimu kama kawaida, ila walimpisha njia.

Jumatatu, baada ya ibada ya asubuhi, Télesphore alimshtaki Eugénie.

Shauri lilisikilizwa na muzee Ézéchiel, mkuu wa wazee, aliyesomeshwa na mapadre na ambaye hajawahi kupindisha sheria hata kwa ndugu yake. Mkewe Christa alikaa safu ya mbele. Uso wake uling'aa kwa mafuta, nao ulikuwa na harufu ambayo Eugénie aliijua kama anavyoijua harufu ya nguo zake.

"Muzee," alisema Télesphore, "miye sina neno mingi. Kivuli yangu imelala kwake siku tatu. Mutoto wangu ananiangalia miguu, analia. Sheria ni sheria."

"Mama Eugénie, kimelala kwako?"

"Kimelala, muzee. Lakini sikukiita. Kilikuya chenyewe. Na nilikirudisha kila jioni, kikakataa."

"Na juu ya nini kilikuya chenyewe?" alipaza sauti Rosette. "Télesphore, sema! Au tuulize mashavu ya batu walioketi hapa mbele?"

Watu walicheka. Christa alifunua kitabu cha nyimbo na kukisoma, ingawa alikishika juu chini.

Ézéchiel alisubiri kicheko kiishe. Hakuwa mjinga, pua yake ilikuwa imelala kitanda kimoja na harufu ile tangu Pasaka.

"Sheria ya vivuli inasema juu ya vivuli," alitamka. "Juu ya mafuta haikusema kitu, kwa sababu wazee walioiweka hawakuwa na mafuta. Kivuli kulala ni kulala. Haikuandikwa kwamba kikijileta chenyewe hakihesabiwi."

"Basi Télesphore naye ahukumiwe!"

"Mama Rosette, Télesphore ameadhibiwa tayari. Ametembea siku tatu bila kivuli mbele ya watu. Mtu haadhibiwi mara mbili kwa kosa moja."

"Muzee," alisema Eugénie, "muganga alisema jua lisiguse hapa tena." Akainua kitenge, akaonyesha sikio.

Ézéchiel alilitazama kwa muda mrefu kuliko ilivyompendeza.

"Saa tatu tu, mama," alisema hatimaye, kwa sauti ya mtu anayesoma kitu kilichoandikwa na mwingine. "Hata watoto huzikaa. Itakuwa Jumatano. Na wewe Télesphore, utasimama pale, kama sheria inavyotaka kwa mwenye kivuli, hadi atakapomaliza."

Hukumu hiyo ilikifanya kivuli kirudi. Kilimfuata Télesphore nyumbani kikiburuza ncha, kama ng'ombe aliyeuzwa.

Jumatano saa sita kamili Eugénie alivua kofia, akafungua kitenge cha kichwa, akaketi juu ya jiwe katikati ya uwanja. Honoré alikuja, akamtazama Ézéchiel, akaondoka. Rosette alisimama nje ya ua, amebana kivuli chake kati ya magoti ili kisije kikamponyoka na kumvunjia jirani yake sheria. Jua la Goma halina hasira, lina kazi tu. Kwa saa ya kwanza lilifanya kazi kwenye utosi, kwa saa ya pili likashuka upande wa kushoto.

Télesphore alisimama mlangoni pa kanisa. Ilipofika saa saba kivuli chake kilianza kurefuka kuelekea uwanjani, ingawa jua lilikielekeza kwingine. Alipiga hatua nyuma. Kikarefuka tena. Mwishowe alisimama ameegemea ukuta na kukikanyaga kwa miguu yote miwili, akipangusa jasho kwa kitambaa safi.

Mbele ya lango, Julienne alikuwa ameweka meza yake, kwa kuwa penye watu wengi ndipo penye biashara. Msichana mmoja alisimama mbele yake.

"Uko na Eugénie?"

"Iko. Ya mwisho hii." Julienne alinyoosha kidole kuelekea uwanjani. "Angalia mwenyewe vile inafanya."

Msichana aliangalia, akanunua.

Saa tisa kengele ililia. Ézéchiel akasema, "Imelipwa," akaingia ndani upesi. Eugénie alifaulu kusimama alipojaribu mara ya pili. Uso wake ulikuwa mwekundu kama udongo wa Rutshuru, na kutoka kwenye sikio maji yalikuwa yakishuka hadi kolani. Alivaa kofia, akakunja kitenge, akashika njia ya nyumbani.

Nyuma yake kivuli kilijichomoa chini ya viatu vya Télesphore, kikamfuata. Alisimama, akakitazama. Kisha akalitazama jua. Hadi lishuke nyuma ya Masisi zilibaki saa tatu, na saa tatu hizo sheria ilimruhusu.

"Kuya," alisema.

Akarudi kazini, akaponda mawe chini yake hadi saa kumi na moja. Halafu, kwa kuwa hakutaka kukaa tena juu ya lile jiwe, alikikunja mara nne, akakifunga kwa ugwe wa katani kisirudi nyuma, akakibeba kichwani hadi depo. Mlango wa nyuma ulikuwa wazi. Télesphore alikuwa akimpakilia Julienne katoni mpya ya mafuta, iliyofika asubuhi hiyo hiyo. Hakuificha. Alijifuta mikono, akapokea kivuli, akafungua ugwe, akakitandaza juu ya katoni na kukikagua pembe zote nne kama kimechanika.

"Kiko kizima," alisema. "Aksanti, mama. Wewe uko mutu wa haki."

"Kesho kitakuya tena," alisema Eugénie.

"Najua," alijibu Télesphore. "Usikicheleweshe."