Mgongo wa Maige

Jioni ile Mbuke alimkalisha mumewe kwenye kigoda nje ya kibanda chao, katika kambi ya machimbo ya dhahabu huko Geita, akachovya vidole kwenye samli na kuanza kumkanda mgongo kama kawaida. Samli ilikuwa ya ng'ombe wa kwao Songwa. Alipofika ubavuni, vidole vyake havikupata pa kuzama. Mbavu za Maige zilikuwa zimepanuka mpaka zikakutana.

"Tangu lini, Baba Esta?"

"Tumbo ndilo lilianza," Maige alisema. "Lina ugumu tangu masika. Nikadhani ni kwa kulalia mawe."

Mbuke akampapasa tumbo. Kweli, lilikuwa gumu kama kibuyu. Dari za mahandaki ya machimbo zilikuwa chini mno. Mtu alichimba amelala kifudifudi, sururu mbele ya uso, na mwenye kiwiliwili kisichoyumba ndiye aliyevunja mawe mengi. Mwili wa Maige ulikuwa mtiifu kupita kiasi, kama mwenyewe. Ulitakiwa kuwa hivyo, ukawa.

Mbuke aliogopa, kwa sababu alijua mambo haya yanaishia wapi. Marehemu baba yake alikuwa mganga, na dawa zake aliziweka ndani ya gamba la kobe, ambalo sasa yeye Mbuke alihifadhia chumvi. Tangu utotoni alizoea kulichungulia. Juu, kwenye dari yake, uti wa mgongo umepita pingili kwa pingili, na mbavu zimetandazwa huku na huku zikashikana. Watu husema kobe anabeba nyumba. Mbuke aliona kwamba watu hao hawajawahi kuchungulia.

"Turudi nyumbani kabla mgongo haujafunga," alisema.

"Na mkataba? Nikitoroka watanifunga jela."

Basi wakangoja, na mgongo haukungoja. Mabega ya Maige yaliingia ndani ya mbavu, mahali ambapo mnyama asiye kobe hayaweki, na alipotaka kumkumbatia mkewe mikono haikufika. Kifua chake kikaacha kupanda na kushuka. Akipumzika mchana, ni nyama laini tu karibu na nyonga iliyocheza, ikimvutia pumzi. Nyapara akiita, kichwa kilirudi ndani kwanza, ndipo mdomo ukaitika. Mbuke alikuwa akienda kulia kisimani ili mumewe asimwone.

Siku handaki lilipoporomoka, wenye migongo ya kawaida walitolewa wakiwa maiti, wakazikwa nyuma ya kambi kwa heshima zote. Maige alikutwa amepiga magoti, mwamba umemkalia, akauliza kama uji umeshaletwa. Meneja, mzungu mpole asiyependa kelele, alishuka na taa, akamgonga mgongoni kwa fimbo, akasikiliza, akaridhika. Magogo ya kushikilia dari, ambayo wachimbaji walikuwa wakiyaomba tangu mwaka uliopita, hayakuagizwa tena. Maige aliambiwa abaki palepale alipo.

Mbuke alikwenda kwa Hatibu, nyapara, mtu wa Tabora, mswalihina, ambaye hakuwahi kumpiga mtu.

"Shikamoo, Mzee Hatibu. Nimekuja kumchukua mume wangu."

"Marahaba, Mama Esta. Akitoka yeye, dari inashuka. Vuta subira. Mkataba ukiisha atalivua gamba, alirudishe stoo kama wenzake wanavyorudisha sururu, aende zake. Meneja kasema."

Mbuke alikuwa amekuja na gamba la baba yake. Akamimina chumvi kwenye pindo la nguo yake, akampa.

"Nionyeshe basi, Mzee. Kobe huyu angevulia wapi?"

Hatibu aliingiza kidole, akakipitisha kwenye uti wa mgongo, pingili kwa pingili, akaja kwenye mbavu, akarudi tena kwenye uti.

"Kumbe ni yeye mwenyewe," alisema.

"Ni yeye mwenyewe."

"Pole sana, Mama Esta." Alisema hivyo kwa moyo wake wote. Kisha akamrudishia gamba, akamruhusu ashuke na samli, kwa kuwa samli hakuna aliyeikataza.

Mdomoni mwa shimo waliwapita vibarua wapya kutoka Ushirombo, wamepangwa mstari, vifua wazi. Hatibu alitangulia na taa. Chini kabisa, kichwa cha Maige kilikuwa ndani. Kiliposikia sauti ya mkewe kikatoka polepole, kikatabasamu. Mbuke akajipenyeza mpaka ubavuni pake, akaanza kupaka samli kwenye nyufa ambazo mwamba ulikuwa umezitia mgongoni, akizibonyeza kwa nguvu ili iingie.

"Unajisumbua," Hatibu alisema kwa upole. "Huo ni mfupa. Mfupa hausikii."

"Mkono wako una baridi leo," alisema Maige.

Mbuke akasita. "Unausikia?"

"Kidole kimoja kimoja."

"Na mwamba?"

Kichwa kilirudi ndani kidogo.

"Na mwamba pia, Mama Esta. Tangu siku ya kwanza."

Hatibu aliishusha taa, akaiweka chini karibu na Mbuke. Juu walikuwa wakimwita aje kupapasa mbavu za wale wapya, achague ambazo vidole havizami. Akaitika, akaenda.

Mbuke alichovya tena vidole kwenye samli, akaendelea kupaka. Safari hii hakubonyeza.