Makorongo Mawili ya Kitumbili

Bikoni ya mwisho, nguzo ya zege ya kuonyesha mpaka, ilisimikwa katikati ya shamba la alizeti la Peniel siku ya Jumanne. Kufika Jumatano asubuhi kijiji kizima kilishajua kwamba aliyewaonyesha wapimaji mpaka ni Editha.

Editha alikuwa na miaka hamsini na nane. Katika kamati ya maliasili ya kijiji hakuna mwingine aliyeufahamu mlima Kitumbili kama yeye, maana mizinga yake ya nyuki ilikuwa huko tangu mumewe akiwa hai. Mwaka uliopita kijiji kilikubaliana mkutanoni kuutenga msitu wa mlimani, usikatwe wala kulimwa. Mpaka ungefuata Korongo la Nyuki. Ikaandikwa hivyo, watu wakapiga makofi, wakaenda zao. Hakuna aliyekumbuka kusema kwamba makorongo yako mawili, yote yanakatiza mteremko, moja juu ya jingine, na kwamba watu wa kitongoji cha mashariki huliita la Nyuki lile la juu, wa magharibi lile la chini. Shamba la Peniel lilikuwa katikati ya makorongo hayo, na bikoni ile haikuwa kwenye lolote kati yake.

Peniel alikuja kwa Editha kabla jua halijapanda.

"Shikamoo, mama Gerald."

"Marahaba, baba. Karibu kiti."

Hakukaa. "Nauliza jambo moja tu. Uliwaonyesha korongo lipi?"

"La juu," Editha alijibu upesi. Kisha akageukia mlima. "Nafikiri la juu."

"Unafikiri?"

Siku ya upimaji, kabla bikoni hazijasimikwa, ilikuwa Februari, na ukungu ulikuwa umeufunika mlima mpaka kiunoni. Gari la wapimaji lilizunguka upande wa pili, wakaanzia kileleni kushuka, ilhali Editha miaka yote alizoea kupanda. Alikumbuka kuvua viatu ili avuke maji. Alikumbuka mpimaji mmoja akikaa juu ya jiwe na kula chapati, akauliza, "Ndilo hili, mama?" Naye akasema ndilo. Ila je, kabla ya hapo walikuwa wamevuka korongo jingine? Alijaribu kuihesabu safari ile kichwani, mara akapata korongo moja, mara mawili.

"Twende huko huko," alimwambia Peniel. "Nikifika nitakumbuka."

Walipanda kesho yake. Kwenye korongo la juu kulikuwa na matope, na jiwe bapa ambalo mtu angeweza kulikalia. Editha alilizunguka akasema, "Hapa. Kabisa." Wakashuka kupitia shamba la Peniel. Ukiacha, pengine, siku ile ya ukungu, Editha hakuwa amepita upande huo kwa misimu miwili, na alipotoka kwenye miti ghafla akaingia kwenye alizeti, alisimama akidhani wamepotea. Aliyemwambia walipo alikuwa Peniel.

Korongo la chini nalo lilikuwa na jiwe.

Hapo, chini ya mkuyu, ndipo ilipokuwa chemchemi ambayo nusu ya kijiji huchota maji. Editha aliinama anywe, akakuta inabidi asubiri kiganja kijae. Zamani ndoo ilijaa mtu akiwa bado anasalimia wenzake.

"Maji yamepungua kwa sababu ya jua la mwaka huu," Peniel alisema bila kuulizwa. Kisha akashusha sauti. "Mama, wewe sema la juu. Nani atakubishia? Hata wapimaji walikuwa ukunguni. Nina watoto wanne."

Editha alijifuta kiganja kwenye kanga. Mpaka ukiwa korongo la juu, chemchemi itabaki nje ya hifadhi, kwa wenye majembe. Ukiwa la chini, shamba lote linaingia hifadhini na Peniel hana pa kulima. Alikuja kutafuta kumbukumbu, na sasa kila alipojaribu kuona ile asubuhi ya ukungu aliwaona watoto wa Peniel, au kiganja chake kisichojaa.

Jumamosi watu walikusanyika mbele ya ofisi ya kijiji. Afisa misitu kutoka wilayani, kijana aitwaye Stanley, aliitandaza ramani mezani, akaibana kwa mawe isipeperuke.

"Shikamoo, mama. Inasemekana wewe ndiye uliyeonyesha. Ni korongo la juu, au hili la chini?"

"Sema la juu twende nyumbani!" mtu alipaza sauti.

"Sijui," Editha alisema.

Zikazuka kelele. Alisubiri zitulie.

"Sijui, mwanangu. Nimepanda kuangalia, nimeshuka nikijua kidogo kuliko mwanzo. Naweza kusema la juu kwa kumhurumia Peniel. Naweza kusema la chini kwa ajili ya maji. Lakini huko si kukumbuka."

"Sasa tulikuweka kwenye kamati ya nini?" aliuliza mama mmoja, na sauti yake haikuwa ya hasira, alitaka kujua kweli. Editha akakaa chini.

Stanley aliandika kwamba mpaka utapimwa upya. Alizeti iliyo shambani ivunwe, ila asilime mtu hapo mpaka wapimaji warudi. Peniel aliondoka na mkewe Selina bila kugeuka.

Mwezi wa sita Editha alikwenda kwenye shamba lile na kisu na gunia, bila kuitwa. Selina alimtazama kidogo, akamwonyesha mstari wa kuvuna. Walikata vichwa vya alizeti mpaka mchana. Peniel hakumsemesha, lakini maji ya kunywa alimpa.

Wapimaji walirudi Agosti. Safari hii waliongozana na watu kumi na watano wa vitongoji vyote viwili, wakabishana kutwa nzima kabla ya kupata pa kukubaliana. Mpaka wa msitu ukawa korongo la juu, lakini huku chini chemchemi na theluthi ya chini ya shamba vikazungushiwa alama za hifadhi, sehemu iliyobaki akaachiwa Peniel. Editha alitembea nyuma ya wote. Hakuna aliyemuuliza kitu.

Jioni alimkuta Peniel aking'oa uzio wake wa miiba, auhamishie juu zaidi. Akashika upande wa pili wa tawi.

"Lakini kweli, mama," Peniel alisema wakilikokota, "siku ile ulisema lipi?"

"Baba, mpaka leo najiuliza."

"Mimi nilidhani unanificha."

"Ningekuwa najua, labda ningekuficha," Editha alisema, na wakaenda kuchukua tawi jingine.