Macho Meusi ya Blažena

Tangu Blažena aanze kazi ya sinema, mama yake, Apolena Kudrnová, hakujua tena kukaa kitako. Atakoroga supu ya kabichi, ataacha mwiko, atatoka roshani ya ghorofa ya tatu kuchungulia uani kama binti anarudi, kisha atanusa supu inaungua na kurudi mbio. Majirani pale Žižkov, mtaa wao wa Prague, walimcheka. "Mama Kudrnová, utaichakaza sakafu!" Waache wacheke. Wao hawakuwa na binti wa sinema.

Jioni moja Blažena aliingia akipapasa ukuta.

"Mama, usiwashe taa."

"Kuna nini tena?"

"Usiwashe tu, mama wee. Macho kama yametiwa mchanga."

Apolena akakata kiazi kibichi vipande vyembamba, akambandika juu ya kope. Waigizaji wote wa Prague walijitibu hivyo. Taa za studio zilikuwa za vijiti vya makaa vinavyowaka kwa umeme, kali kuliko jua, na Bwana Vondruška, mwongozaji, alizivua vioo vya kukinga macho. Kioo, alisema, kinakula mwanga.

Taa peke yake zingevumilika. Ila Blažena alizaliwa na macho ya bluu kama ya baba yake, na filamu za siku zile hazikuijua bluu, zilitoa nyeupe tupu. Kwa hiyo wasichana wenye macho kama yake walitia matone ya mmea fulani wa msituni, wenye matunda meusi na sumu. Mboni inapanuka, inameza bluu yote, na kwenye kitambaa cha sinema msichana anatoka na macho meusi ya kuua mtu.

Apolena akaenda peke yake kwa daktari, naye hakuzunguka. "Taa bila matone, atalia siku mbili tatu. Matone bila taa, ataona ukungu. Akivichanganya vyote viwili, mama, usimlete kwangu. Mpeleke kwa fundi wa fimbo za vipofu."

Apolena alirudi na maneno hayo kifuani kama jiwe. Akamkuta binti anacheza katikati ya chumba.

"Nimepewa binti wa mwenye kinu, mama! Mhusika mkuu! Nimechoka kupita na trei nyuma ya watu."

"Na macho?"

"Umeanza."

"Daktari kasema…"

"Daktari anaenda sinema huyo? Picha moja tu, mama. Moja. Wakishanijua, nitaweka masharti. Nitawaambia rudisheni vioo."

Wote husema hivyo. Moja tu.

Asubuhi, binti akiwa anachana nywele, Apolena alimwaga matone kwenye ndoo, akajaza maji ya bomba kichupani. Hakumwambia. Mama mwenzangu unayesoma, simama hapa kidogo. Kumzuia mtoto ni haki yako. Kumzuia kwa kumzunguka ni jambo jingine.

Blažena akatia maji machoni siku nzima, akacheza kwa moyo wote. Walipoonyesha ukutani vipande vya picha vya siku hiyo, studio nzima ililipuka kwa kicheko.

"Yesu na Maria!" Vondruška akapiga paja. "Nimeomba binti wa kinu, nimeletewa maiti aliyeopolewa mtoni! Ona macho, mayai ya kuchemsha haya! Dada, kesho ukija hivi nampa mwenzako Růžena nafasi yako, usije ukalia hapa."

Blažena akatoka nje. Akafungua kichupa, akadondosha tone kwenye ulimi. Matone yale yalikuwa machungu ya kukunja uso. Haya hayakuwa na ladha yoyote.

Alifika nyumbani, hata kofia hakuvua.

"Mama. Umefanya nini?"

Apolena aliendelea kukanda unga.

"Nakuuliza wewe! Wamenicheka mpaka fundi wa taa!"

"Bora wakucheke unawaona, mwanangu."

"Ungesema! Ungenipiga, ungefunga mlango, ningejua tunapigana. Sasa neno lako lipi nitaliamini? Hata huyo daktari labda umemtunga."

Hilo ndilo lililomchoma Apolena. Onyo la kweli lilikuwa limegeuka uongo mkononi mwake.

Kesho yake binti aliondoka bila kuaga wala kunywa kahawa. Apolena akazunguka chumba, akakaa, akasimama, akavaa viatu visivyofanana, akakimbilia tramu. Aliingia studio taa zote zimewaka. Blažena alikuwa mbele ya kamera, karibu kabisa, uso tu. Mboni zilikuwa zimekula kila kitu. Alikuwa ameazima matone ya wenzake na kutia mara mbili ya kawaida, kufidia ya jana.

"Usipepese!" Vondruška alinong'ona. "Tazama taa. Pale ndipo alipo mchumba wako. Vizuri… vizuri…"

"Blaženka!" Apolena akamwita kwa jina lake la utotoni. "Fumba macho!"

"Nani kamruhusu bibi huyu? Mtoeni!"

Wanaume wawili wakamshika mabega. Blažena alisikia, maana kidevu kilitikisika. Lakini hakugeuka, na hakupepesa.

Jicho la kulia lilipona baada ya juma. La kushoto lilibaki na doa katikati, jeusi, halisogei, kila anachokitazama kwa jicho hilo kinafichwa nalo, hata asiweze kukadiria umbali.

Picha ilipoonyeshwa, sinema ilijaa mpaka watu wakasimama. Wanawake walilia. "Macho gani yale!" walisema wakitoka, "mtu anaweza kuzama mle!" Apolena aliyasikia, na hakujua ajivune au apige kelele.

Wiki iliyofuata gari la studio lilipiga honi uani. Picha nyingine. Taa zilikuwa zilezile, na vioo bado vilikuwa ghalani.

"Masharti yako je?" Apolena aliuliza.

"Baada ya hii." Blažena alipapasa nguzo ya ngazi, akaikosa, akaipata.

"Nikushike mkono?"

"Hapana, mama. Wataona."

Akashuka. Apolena alibaki roshani akiinama nje, akisikiliza kila kiatu kinavyotafuta ngazi ya chini, mpaka mlango wa gari ukafungwa, na hata baada ya hapo hakuingia ndani.