Siku Sifuri za Shangazi Tadea

Machi 1996, wanunuzi binafsi wa kahawa walipokwisha kuzagaa milimani, niliitwa Mbinga kwenye mdahalo. Mimi ni Otilia, mzaliwa wa Matiri, mwenye udaktari wa uchumi wa ajira kutoka Dar es Salaam. Nilivaa suti mpya, na kichwa kilikuwa kimevimba, nakiri.

Swali lilikuwa moja: malipo ya vibarua wa kuchuma kahawa yapande au yashuke? Maoni ya mkutano yangepelekwa wilayani. Bwana Wendelin, msemaji wa wanunuzi, alisimama akitabasamu, akafungua ripoti. Ilikuwa ripoti yangu mwenyewe. Akasoma kwamba wanawake sita kati ya kumi wa Matiri hawakufanya kazi yoyote katika wiki ya utafiti, Machi iliyopita. Basi, akasema, watu waliokaa bure watashukuru hata wakipewa kidogo. Ukumbi wa parokia ukaanza kumkubalia. Nimekuja kuwatetea wachumaji, kumbe nimempa mpinzani panga.

Hapo Shangazi Tadea akanyoosha mkono. Nilitamani ardhi ipasuke inimeze, maana fomu yake ya utafiti huo niliijaza kwa mkono wangu: sifuri, sifuri.

"Mwanangu," akasema kwa upole, "uliniuliza wiki ile nimelima siku ngapi shambani kwangu. Sikulima. Ukaniuliza nimelipwa siku ngapi kwa watu. Sikulipwa. Ngokela hukuniuliza."

Ngokela! Machi tunachimba ngolo, mashimo yanayozuia udongo usisombwe na mvua mlimani, na ngokela ndiyo hiyo, wanawake huchimba pamoja kwa zamu, leo kwa Luisa, kesho kwa Edina, pombe ikiwangoja jioni. Nani atalima kwake siku ya mwenzake? Nimekulia huko, nimeshiba maharage ya mashimo hayo, nikasahau. Kicheko kilinitoka mbele ya mapadri na mkuu wa wilaya, na kila nikikizuia kinazidi. Nikasema kwenye kipaza sauti kwamba ripoti imekosea na mkosaji ni mimi, kisha nikaomba waliokuwa kwenye ngokela wiki ile wanyooshe mikono.

Wanawake wote walinyoosha. Wengine walinyoosha miwili. Bwana Wendelin aliifunga ripoti taratibu, akaketi, na mkutano ukapendekeza malipo yapande. Nilifurahi hadi nikamkumbatia mwenyekiti, ambaye hakuwa amejiandaa.

Ila Shangazi hakumaliza. Aliyekosa zamu huilipa, akanikumbusha, na mimi nimekosa miaka kumi na minane. Kesho yake nilikuwa shambani kwa Edina, suti imebaki msumarini, malengelenge viganjani, nikicheka peke yangu kama kichaa. Shangazi akaegemea jembe.

"Daktari, wiki hii umelima kwako siku ngapi?"

"Hata moja, Shangazi."

"Umelipwa siku ngapi?"

"Hata moja."

"Basi jiandike huna kazi," akasema, akanionyesha shimo linalofuata.