Pumzi ya Algot Rönnbäck

Kwa miaka hamsini Algot Rönnbäck alikuwa uso wa huzuni wa Uswidi. Filamu ikihitaji mchungaji aliyepoteza imani, aliitwa Algot. Ikihitaji baba asiyesemeshana na watoto wake, Algot. Ikihitaji maiti, waliuliza kwanza kama Algot ana nafasi. Tuzo zilimjaa kabatini, na hakuna hata moja aliyopewa kwa kumchekesha mtu.

Hilo ndilo lililomkera. Alitaka, kabla hajazikwa kwa kweli, awachekeshe watu japo mara moja.

"Wewe uchekeshe?" mkewe Gunvor alimwambia asubuhi ya usaili akimfunga skafu. "Juzi ulimtabasamia mtoto wa jirani, akaangua kilio."

"Alikuwa na njaa."

"Haya, nenda. Na uwachangamkie, mzee wangu. Usikae kama uko msibani."

Mwongozaji, Tuva Ekelöf, alikuwa msichana wa Malmö, kusini kabisa, na alikuwa akitafuta mtu wa kuigiza babu katika filamu yake ya vichekesho. Ofisini kwake alimmiminia Algot kahawa, akamsogezea andazi la mdalasini.

"Algot, nikuambie ukweli. Wenzangu wanacheka nikitaja jina lako."

"Mwanzo mzuri."

Tuva hakucheka. Alikuwa na heshima nyingi mno. "Lakini unaitaka kweli nafasi hii?"

Algot akabana midomo na kuvuta pumzi ghafla, fyuu, kama mtu aliyeunguzwa na uji.

Tuva akaweka kikombe chini, machozi yakimlengalenga. "Ndiyo hiyo! Pumzi ya Rönnbäck. Niliiandikia tasnifu nzima chuoni." Akaufunga mswada wa filamu taratibu. "Samahani. Sikujua vichekesho vinakuumiza kiasi hiki. Sitakulazimisha."

Mkosi huo Algot aliujua. Katika filamu yake ya kwanza mwongozaji alimuuliza kama yuko tayari, kamera ikiwa imeshawashwa, naye akajibu kama wanavyojibu kwao kaskazini, Västerbotten. Wahakiki wa Stockholm wakaandika kwamba wamemsikia mtu akigundua mbingu ni tupu. Algot alikuwa kijana, alitaka kazi, akanyamaza. Wakausifu na ukimya wake pia.

Safari hii hakunyamaza.

"Tuva, ile ni ndiyo."

"Ni nini?"

"Ndiyo. Kwetu kaskazini tunaitikia kwa kuvuta pumzi. Kuna baridi, nani afungue mdomo ovyo?"

"Usinitanie, bwana."

"Muulize yeyote wa kule. Muulize hata muuza samaki."

Tuva alikodoa macho, kurasa zote za tasnifu yake zikimpita kichwani. "Ile filamu ya mnara wa taa, mkeo anakuuliza kama unampenda, nawe unavuta pumzi... Nchi nzima ilitoka inalia! Wazazi wangu waliachana wiki ile!"

"Nilikuwa namjibu. Nampenda."

Tuva akajifunika uso, mabega yakaanza kutikisika. Kwa mazoea, Algot akamtolea leso. Lakini mikono ilipoondoka, binti alikuwa anacheka, anacheka hadi kahawa ikamwagika.

"Na pale kaburini, unapoulizwa kama unaamini ufufuo?"

"Naamini."

"Na daktari anapokuuliza kama umemwelewa?"

"Nilimwelewa vizuri tu."

Tuva akapiga meza kwa kicheko. Algot alikaa wima, hata andazi hakuthubutu kulitafuna, asije akakikatiza.

"Basi nikuulize upya," Tuva alisema akijifuta machozi. "Utakuwa babu wangu?"

Kifua cha mzee kikaanza kujaa pumzi chenyewe. Algot akakizuia, akaegemea mbele, na kwa sauti iliyosikika hadi barazani akatamka, "Ndiyo!"