Ng'ambo ya Lami

Shimo lilikuwa limemfika Sepetu kiunoni pale kinyozi alipokuja kusimama ukingoni. Alivaa shati la kulalia na ndala zisizofanana, moja ya bluu na nyingine nyekundu. Sepetu, ambaye kutoka mle chini aliona miguu kabla ya uso, alijua palepale kuwa kuna msiba. Mtu aliyefiwa huvaa alichokikuta.

"Shikamoo, mzee wangu."

"Marahaba."

"Mama ametutoka. Alfajiri hii."

Sepetu alirusha udongo juu ya tuta, akaupigapiga kwa ubapa wa sepetu usije ukarudi. Jina alilopewa na wazazi lilibaki kwenye kitambulisho tu. Mtaani walimwita kwa chombo alichoshika, na miaka ikapita mpaka naye akawa anaitika bila kugeuka mara mbili.

"Pole, mwanangu," alisema. Neno lilitoka lenyewe. Alingoja moyo ushtuke, nao haukushtuka. Tangu azikwe mkewe, misimu miwili ya mvua iliyopita, kifua chake kilikuwa kama mguu uliokaliwa muda mrefu. Kipo, kinaonekana, lakini ukikigusa hakijibu. Chakula alikula kwa sababu kilipakuliwa. Usingizi alilala kwa sababu giza liliingia. Kazi ndiyo haikumsumbua, maana mikono inajua kuchimba hata mwenyewe asipokuwepo.

Na aliyekufa hakuwa mtu wa mbali. Mama yake kinyozi alikuwa fundi cherehani, jirani yake ukuta kwa ukuta. Mke wa Sepetu alipokuwa akiugua, huyo mama ndiye aliyehamishia cherehani yake barazani kwao, akawa anashona huku akimchunga mgonjwa, akikata uzi kwa meno na kumtupia maneno ya kumchekesha. "Mimi na mumeo tuna kazi moja," alikuwa akimwambia. "Mimi nawapima watu wakiwa wima, yeye anawapima wakiwa wamelala." Mgonjwa alicheka mpaka akakohoa. Kicheko chake cha mwisho kilikuwa cha utani huohuo.

"Nimekuja kuomba mahali," kinyozi alisema. Wote wawili walijua kilichokuwa kati ya mtaa wao na makaburi haya.

Ilikuwa barabara ya lami.

Nchi ile ilikuwa kubwa. Ukiwa katani, wilaya ilikuwa mbali. Ukifika wilayani unaambiwa mwenye neno la mwisho yuko mkoani, na mkoani nako unawakuta watu wakitazama juu zaidi. Kwa hiyo iliposemwa kwamba wilaya yao imekuwa kubwa mno na itagawanywa, wengi walipiga makofi. Ofisa aliyetoka mkoani alipanda juu ya meza kwenye uwanja wa shule, akaeleza kwa upole kabisa kwamba kugawa si kutenga, kwamba serikali inasogea karibu na wananchi, na kwamba upande mpya utakuwa na mkurugenzi wake, madiwani wake na hospitali yake. Alinyoosha mkono kuelekea barabarani. Mpaka, alisema, utapita pale, kila mtu auone, asipotee hata mlevi. Watu walicheka. Sepetu alikuwa amesimama nyuma, karibu na mabomba, na alikumbuka baadaye kwamba hata yeye alicheka, maana mdomo wake ulifunguka.

Hakuna aliyeuliza habari za makaburi. Nani huuliza makaburi siku ya makofi? Mtaa wao, nyumba ya Sepetu, nyumba ya fundi na kibanda cha kinyozi vikaangukia wilaya mpya. Makaburi, ambayo walikuwa wakiyafikia kwa kuvuka barabara tu, jeneza mabegani na watoto wakisimamisha magari, yakabaki wilaya ya zamani. Yalikuwa yamekaribia kujaa. Haukupita muda agizo likaja: kila halmashauri izike watu wake. Waliobaki na haki ng'ambo ile ni wale tu waliokuwa wametengewa mahali kabla ya mgawanyo.

Wafanyakazi nao waligawanywa. Sepetu, kwa kuwa alilala upande mpya, alikabidhiwa upande mpya. Wiki hiyo ya msiba ilikuwa yake ya mwisho kuchimba pale.

Alitoka shimoni, akajifuta miguu kwenye nyasi, wakaenda pamoja kwa bwana afya, msimamizi wa makaburi.

Bwana afya alikuwa na chumba kimoja karibu na lango, chenye meza, ndoo za dawa ya kunyunyizia na dirisha lililotazama mistari ya makaburi. Hakuwa mtu mbaya. Alimpa kinyozi kiti chake yeye mwenyewe, akasimama, akasikiliza mpaka mwisho bila kumkatiza. Kisha akapiga simu wilaya mpya. Walimwambia kiwanja cha makaburi kimepatikana ila hakijapimwa, na kisipopimwa hapazikwi mtu. Akauliza kama wangeweza kumpa marehemu kibali cha kuzikwa huku kwa mara moja tu. Wakamwambia kibali cha kuzika kwenye ardhi ya wenzao hawana mamlaka ya kukitoa, aulize wenzao. "Wenzenu ni mimi," bwana afya alisema kwenye simu.

Alipiga tena, sasa kwa mkubwa wake. Aliongea akiwapa mgongo. Alipogeuka, uso wake ulikuwa umeshasema.

Kinyozi aliitazama sakafu. Alisema mama yake yuko kitandani, dada zake wamemfunika, na nyumba ile ni ya bati. Hakupandisha sauti. Alieleza kama anavyoeleza mteja namna anavyotaka kukatwa nywele. Bwana afya alisema hospitali ya wilaya ya zamani isingempokea, ila kuna chumba cha kuhifadhia maiti mkoani, safari ya nusu siku, wangoje huko mpaka wapimaji wafike. Lini watafika? Hilo hakulijua. Labda wiki ijayo, labda bajeti ijayo.

"Kama angekuwa na mahali pake tangu zamani," aliongeza, akiyasema zaidi kwa dirisha kuliko kwa mtu, "nisingekuwa na neno."

Sepetu alikuwa amesimama mlangoni, hakuingia kwa sababu ya matope ya miguuni.

"Mimi ninapo," alisema.

Wote wawili walimgeukia.

"Pale kando ya mke wangu. Nilitengewa siku tulipomzika. Mpeni mama fundi."

Bwana afya alikaa juu ya ukingo wa meza. Alimjua Sepetu tangu alipoletwa pale akiwa kijana mwenye viatu vipya, na Sepetu ndiye aliyemfundisha kutembea kati ya makaburi bila kukanyaga watu.

"Mzee, pale ni pako. Ukipatoa, hapatarudi. Wewe sasa ni mtu wa ng'ambo. Siku yako ikifika, hata mimi sitaweza kukuingiza."

"Naelewa."

"Nenda kwanza kaongee na binti yako."

"Jua linapanda," Sepetu alisema.

Alisema hivyo kama anayesema mlango uko wazi. Kinyozi alitaka kushuka kwenye kiti apige magoti, lakini Sepetu alikuwa ameshatoka nje kufuata sururu.

Kuchimba kando ya kaburi lililopo kunataka utulivu. Ukisogea mno, ukuta wa katikati unabomoka, na hapo unafungua usichopaswa kukiona. Sepetu alikwenda polepole, akianza na upande wa mbali na kusogea kwa michoto midogo midogo kuelekea kwa mkewe. Udongo wa juu ulikuwa mkavu, wa chini mwekundu na wenye ubaridi. Kinyozi aliingia kumsaidia. Sepetu alimwonyesha kwa mkono mahali pa kukomea, basi. Shimo lilipofika kina cha kifua, aliweka kiganja kwenye ukuta ule wa udongo uliobaki kati yake na mkewe. Alikiacha hapo. Alijaribu kuikumbuka sauti yake, akapata sauti ya cherehani. Akaondoa mkono, akaendelea.

Binti yake, ambaye alikuwa muuguzi na aliishi upande wa zamani kwa mumewe, alifika wakati shimo likisawazishwa. Alikuwa amekwisha kusikia. Alisimama juu, sare yake nyeupe iking'aa.

"Baba," alisema, "umegawa mahali pako pale kando ya mama?"

"Nimempa jirani yake."

"Na wewe utalala wapi?"

"Nitalala watakaponipanga. Wilaya mpya wana mipango mingi."

Ulikuwa utani, lakini uso wake haukusaidia kuuonyesha. Binti hakucheka. Alivua viatu, akakaa juu ya tuta la udongo, akawa anachambua majani kwenye kaburi la mama yake, moja moja, akiyapanga pajani. Alisema alikuwa amejizoesha kufikiri kwamba siku moja atakuja kuwatembelea wote wawili mahali pamoja. Alidhani angalau hilo limeshapangwa. Sepetu alimsikia kila neno. Akamwomba amshike mkono atoke shimoni. Binti akamshika, akamvuta, na baada ya kumtoa hakumwachia mara moja.

Walimzika fundi alasiri. Mwenyekiti wa mtaa wao alivuka barabara pamoja na waombolezaji, na alipotakiwa kusema neno akasita, akamwuliza bwana afya kwa sauti ya chini kama ana mamlaka ya kuhutubia upande huu. Bwana afya akamwambia amsalimie marehemu tu, hotuba aiache. Basi mwenyekiti alimuaga marehemu kama jirani. Alisema mama huyu alimshonea suruali ya kwanza ndefu maishani mwake, akaifupisha kwa makosa, na yeye akaivaa hivyohivyo mwaka mzima kwa kuogopa kumwambia. Watu walicheka huku wakilia, kama inavyokuwa. Sepetu alifukia. Udongo wa rafiki wa mkewe na udongo wa mkewe ulikuwa rangi moja, na alipomaliza kulijenga tuta, mgeni asingejua lipi lilitangulia ila kwa unyevu.

Usiku alibaki nyumbani kwake. Asubuhi yake alikabidhi ufunguo wa ghala la vifaa. Bwana afya alimpa mkono, akamwambia awe anapita kusalimia. Sepetu akaitikia kwamba atapita, akijua kwamba mkewe sasa ana mtu wa kuzungumza naye, na kwamba yeye ndiye atakayekuwa mgeni.

Wiki iliyofuata aliripoti ofisi ya wilaya mpya, iliyokuwa kwenye ghala la zamani la nafaka. Walimpokea vizuri. Walikuwa hawana kiti cha kumpa wala kazi ya ofisini, ila wapimaji walikuwa wamekuja ghafla na kuondoka ghafla, wakaacha vigingi vyeupe kwenye kiwanja nje ya mtaa. Kazi yake iwe kukilinda. Alipouliza alinde nini, maana bado hakuna aliyezikwa, karani alifikiri kidogo akamwambia alinde vigingi.

Alikifikia kiwanja jua likiwa bado la upande. Lilikuwa shamba kwenye mteremko, na shamba lenyewe lilikuwa na maharage. Mwanamke mmoja alikuwa ameinama katikati ya mistari, aking'oa mashina makavu na kuyakusanya juu ya turubai, kigingi kimoja kikiwa kimesimama kati ya miguu yake kama kitu kilichoota. Alipomwona Sepetu na sepetu yake begani, aliinuka, akashika kiuno.

"Wewe ndiye uliyetumwa na wilaya?"

"Ndimi."

"Kuna mtu amekufa?"

Sepetu alitazama shamba lote, kutoka juu mpaka chini kwenye bonde.

"Bado," alisema.

Mwanamke akashusha pumzi. Alisema walimlipa fidia, hana ugomvi na mtu, ila mbegu ilikuwa imeshaota walipokuja. Ya huku juu yamekauka. Ya kule chini, kwenye unyevu, bado mabichi, na akiyang'oa sasa atakuwa ameyaua bure.

"Yaache yakomae," Sepetu alisema.

"Na wakileta mtu?"

"Wakileta mtu, tutaanzia huku juu."

Mwanamke alimtazama kuona kama anamtania. Kisha akaokota fimbo, akaanza kuyapiga maharage juu ya turubai, maganda yakipasuka na vumbi jembamba likipanda. Sepetu alichomeka sepetu ardhini kando ya mstari. Alisimama hapo kwa muda, mikono ikiwa haina kazi. Mwanamke alipoacha kupiga na kuchota maharage kwa ungo, aligeuka akitafuta gunia, na akamkuta yule mzee amekwisha kulichukua, amechuchumaa, ameufungua mdomo wa gunia kwa mikono miwili. Mwanamke akamimina. Maharage yalishuka kwa sauti ya mvua ya kwanza kwenye bati, na Sepetu akalishikilia gunia, likizidi uzito, akiwa amefumba macho kwa sababu ya vumbi.