Kitasa cha Nje

Katika nchi ya Kutandu, ambako kuta zilikuwa nyingi kuliko watu na hata mbuzi hakuruhusiwa kuegemea ukuta usiogongwa muhuri, walitawala Wasanifu Wakuu, mabwana wa shingo nene waliovaa leseni za shaba vifuani na ambao kwa miaka mingi hawakuwa wamechora chochote isipokuwa sahihi zao.

Sihaba aliitaka leseni hiyo. Alikuwa amesoma, akafaulu, kisha akawekwa chini ya Bwana Fumbwe, mkuu wao, ajifunze kazi. Huko akachonga penseli na kuchora majumba yaliyosifiwa kwa jina la bwana wake, na kila alipoomba kutahiniwa aliambiwa bado mbichi. Mvi zilipoanza kumwota, wakampa mtihani: achore jumba jipya la Baraza lao.

Akachora milango mingi, mipana. Fumbwe akaikunjia uso ramani.

"Hapa ni sokoni? Weka mmoja. Na kitasa kiwe nje, kifunguke kwa leseni tu, asije akaingia kila mtu."

"Na walio ndani, Bwana, watatokaje?"

"Aliyekwisha kuingia kwetu, atoke aende wapi?"

Sihaba alimtazama kidogo, kisha akachora kama alivyoagizwa. Wakamfelisha kwa kukosa ubunifu, wakaichukua ramani, wakaitia sahihi zao, wakajenga.

Siku ya uzinduzi Wasanifu wote wa Kutandu waliingia, maana hakuna aliyekubali kuwaachia wenzake viti vya mbele, na mlango ukajifunga nyuma yao kwa mlio mtamu. Hotuba zikaisha, pilau ikaisha, ndipo makelele yakaanza. Nje umati ulisikiliza kwa utulivu mkubwa. Nyundo zilikuwepo, ila sheria ilimkataza asiye na leseni kugusa ukuta.

"Sihaba, mwanangu," sauti ya Fumbwe ilipenya chini ya mlango, "tufungulie."

"Sina leseni, Bwana."

Leseni ya shaba ikasukumwa nje.

"Hii ina jina lako," Sihaba akasema, akairudisha. "Kutumia ya mwenzio ni kifungo. Ulinifundisha mwenyewe."

Baraza likaitisha kikao cha dharura, na safari hii hakukosekana mjumbe hata mmoja. Walibishana mpaka sauti zikakauka. Mwishowe ikateleza kizingitini leseni nyingine, jina la Sihaba limekwaruzwa juu yake kwa ncha ya kijiko.

Akaiokota, akaipangusa, akaivaa. Kisha akaanza kuukagua mlango, kipande kwa kipande, kama impasavyo msanifu anapopokea kazi ya wenzake, na waliokuwa karibu wanasema hakuonyesha haraka yoyote.